Simu Zote Kwenye Kapu

Onyesho langu kubwa kuliko yote halina picha hata moja. Lilikuwa Shela, kijiji cha kisiwani Lamu, usiku wa kupamba, na mlangoni alikaa shangazi wa bibi harusi na kapu la ukindu mapajani. Kila aliyeingia alitia simu yake humo. Mwenye mbili alitia mbili, na aliyedai hana alipekuliwa. Ndani mabuibui yalivuliwa yakarundikwa kitandani, ikabaki dhahabu, hina, asumini na udi wa kukutoa machozi. Nilipiga gitaa la umeme kwa zaidi ya saa mbili, na wanawake wasiopungua 300 wakaimba nami neno kwa neno. Asubuhi yake hapakuwa na ushahidi wowote isipokuwa koo langu lililokauka.

Wiki ile ile akanipigia kijana mmoja wa Nairobi anayepanga matamasha. "Dada, una wafuasi wangapi mtandaoni?" Nikamwambia ukweli: 112, na nusu yao ni binamu zangu. Akasema atanipigia tena. Ni miaka sita sasa.

Naandika haya kwa sababu wasichana huniuliza mtu anaanzaje kuwa mwimbaji wa roki, wa kujitegemea, tena hapa Amu, yaani mji wa Lamu. Sina njia ya kuwaonyesha. Nina mambo yaliyonipata tu, na mengi yalinipata kwa sababu ya maneno: niliyoyaimba, niliyoyatia saini bila kuyasoma, na niliyofundishwa kuyahesabu.

Gitaa la kwanza lilikuja 2009, nikiwa na miaka kumi na saba. Mama alikuwa mpishi katika nyumba moja ya wageni, na mgeni aliyeondoka aliliacha chumbani. Gitaa kavu, la nyuzi za nailoni, limebaki na nyuzi nne. Zilizokosekana ni ule wa kwanza na wa pili, zile nyembamba. Dukani Amu nyuzi za gitaa huzipati, na Mombasa ilikuwa mbali na mfuko wetu. Baba ni mvuvi. Akaniangalia nikihangaika siku mbili, ya tatu akachomoa mshipi wa kuvulia kwenye gurudumu lake, akaupima kwa vidole, akanikatia vipande viwili. Uzi wa kwanza wa gitaa la aina ile una unene wa kama milimita 0.7, na mshipi wa unene huo hauadimiki nyumbani kwa mvuvi. Ulilegea kila baada ya wimbo mmoja, lakini ulilia. Nadhani baba aliamini ni mchezo utakaopita, ndiyo maana akawa mkarimu.

Miaka mingi baadaye nilisoma habari za Mdou Moctar, Mtuareg wa Niger ambaye gitaa lake la kwanza alijiundia mwenyewe na nyuzi zake zikawa waya za breki za baiskeli. Nikacheka peke yangu. Jangwani kuna breki, pwani kuna mshipi.

Nilianza kuimba kwa Kiingereza. Msinihukumu, nyimbo nilizozipata kwenye memori kadi za watu zilikuwa za Kiingereza, na niliowapenda walikuwa wanawake wenye gitaa na hasira: Tracy Chapman, PJ Harvey, Ani DiFranco. Huyu wa mwisho alianzisha kampuni yake ya kurekodi mwaka 1990, akiwa hata miaka ishirini na moja hajafika, akakataa kuajiriwa na kampuni kubwa. Nikaona basi, njia ndiyo hiyo. Nikaandika nyimbo kumi na moja za Kiingereza zenye mvua nyingi na stesheni za treni. Treni! Mji huu hata gari kupita kichochoroni haliwezi.

Hoteli moja ya Shela ikanichukua, siku tatu kwa wiki, wageni wakila kamba. Hapo nilijifunza kazi yenyewe: kufunga nyaya, kujua maiki inalia kwa sababu imeelekea spika, kuimba mafua yakiwa yamenibana. Nyimbo zangu hawakuzitaka. Walitaka ule wimbo wa kukaribisha wageni, ule ambao kila mwanamuziki wa pwani anaupiga hata usingizini, halafu waniombe niurudie. Siudharau. Umelisha watu wengi kuliko nyimbo zangu zote zitakavyowahi kulisha. Ila ukiuimba mara nne kwa usiku mmoja, kitu ndani yako kinakaa chini na kukataa kuinuka.

Kisha ikaja Juni 2014, mashambulizi ya Mpeketoni, mji wa bara, ng'ambo yetu. Watu waliuawa, na huzuni ya bara ikavuka maji ikatufikia sote. Ikawekwa kafyu. Wageni wakakatika kama maji ya bomba, hoteli ikafunga jiko, nami nikarudi nyumbani na spika moja juu ya punda na mshahara wa nusu mwezi.

Sikuwa na pa kupigia, basi nikapiga uani. Bibi yangu, mama yake mama, alikuwa kiongozi wa vugo enzi zake. Asiyelijua vugo: ni ngoma ya wanawake ya harusi, pembe za nyati zikigongwa kwa vijiti na nyimbo zikiongozwa na mmoja na kuitikiwa na wote. Sauti yake kavu, kali, huisikii kwa masikio peke yake bali hata kwa meno. Siku hiyo bibi alikuwa akichambua mchele. Akanisikiliza wimbo mzima, wa mvua na stesheni. Halafu akasema:

"Sauti unayo. Maneno huna."

Nikamwambia, bibi, hicho ni Kiingereza, hukukielewa.

"Nami naamba nini? Sikuelewa. Sasa wamuimbia nani?"

Nilinuna siku tatu. Ya nne nikaandika ubeti kwa Kiswahili, kuhusu usiku baba alipochelewa baharini wakati wa kusi, mashine ya mashua ilipomzimikia na sisi tukakesha ufukweni na taa. Nikamwimbia bibi: *Bahari ninakuuliza, mbona hurudi na jibu?* Akaweka ungo chini. Akagonga kidole gotini, silabi moja moja, akafika mwisho wa kipande cha kwanza akakunja uso.

"Moya imezidi. Wachechemea."

Nikahesabu. Ba-ha-ri-ni-na-ku-u-li-za. Tisa. Kipande cha pili kilikuwa na nane. Bibi hajui kusoma herufi za Kilatini na hajawahi kukaa darasa la ushairi, lakini mizani iliyozidi anaijua kama wewe unavyojua jiwe ndani ya kiatu. Akaitoa ile "ni" kama anayetoa chuya: *Bahari nakuuliza.* Nane kwa nane. Ubeti ukaketi.

*Bahari nakuuliza, mbona hurudi na jibu?*
*Baba yu ndani ya kiza, na pwani iko karibu.*

(Baba, ambaye alirudi alfajiri ile mzima na samaki wawili, mpaka leo analalamika kwamba nimemzika angali hai.)

Kilichonishangaza ni jinsi mizani ile ilivyoingia kwenye roki bila kulazimishwa. Kipande cha silabi nane kinakaa ndani ya mapigo nane kama kimeshonewa humo, na pale kwenye kina ndipo gitaa linapopata nafasi ya kujibu. Nilikuwa nimehangaika miaka mitano nikitafuta mdundo wangu, kumbe umekaa nyumbani ukichambua mchele. Na mji huu ndio uliomlea Muhamadi Kijuma, aliyekuwa mshairi, mwandishi wa khati, mchonga milango na mpiga kinanda kwa pamoja. Angeishi leo wangemwita msanii wa kujitegemea na kumuuliza ana wafuasi wangapi.

Gitaa la umeme nililinunua 2015, la mkono wa pili, kwa mpigaji wa bendi ya hoteli aliyekuwa akiiacha kazi. Nilipoliwasha kwa mara ya kwanza na kuisukuma ampu, ile mashine ya kukuza sauti, mpaka ikaanza kukwaruza, bibi alikuja mbio: "Limeharibika?" Nikamweleza kwamba ndivyo linavyotakiwa, kwamba ampu ikibebeshwa kuliko uwezo wake mawimbi ya sauti hukatwa vichwa na huo mkwaruzo ndio utamu wenyewe. Akafikiri. Akasema pembe nazo ni hivyo hivyo, ukizigonga kwa adabu hazisemi kitu.

Tukaanza kufanya mazoezi, mimi na yeye na shoga zake watatu, jumla ya umri wao ukipita miaka 280. Jambo moja lilitusumbua. Nyimbo nyingine za bibi zina sauti zinazokaa katikati ya sauti mbili za gitaa. Udi, ile ala ya nyuzi ya Waarabu, hauna vizuizi shingoni, mpigaji huteleza mpaka anapopataka. Sauti za gitaa zimegawanywa hatua kumi na mbili sawasawa, na kilicho katikati yake hukipati ila kwa kuuvuta uzi kwa kidole. Nikajifunza kuvuta. Na nyimbo zenye mwendo wa hijazi, mpangilio mmoja wa sauti za muziki wa Kiarabu, zilikubali gitaa mara moja, kwa sababu hatua zake zinaangukia karibu kabisa na vizuizi. Hilo si geni duniani: Dick Dale, mpiga gitaa wa Marekani wa miaka ya sitini, baba yake alikuwa Mlebanoni, na ule mkono wake wa kasi aliuchota kwenye muziki wa ami yake mpiga udi. Kwa hiyo mtu akiniambia roki ni ya wazungu na mimi naiga, huwa namwachia tu kahawa yake ipoe.

Harusi ya kwanza tuliyopiga hivyo ilikuwa ya binti wa jirani, Langoni. Niliogopa zaidi kuliko nilivyowahi kuogopa hotelini. Wimbo wa pili mwanamke mmoja mzito akainuka, akaja mbele akicheza, akanibandika noti ya mia mbili kwenye paji la uso. Kutuza. Nikaendelea kupiga nikiwa nimefumba jicho moja.

Hapo ndipo nilipoingia kwenye shida ambayo waimbaji wa kwingine hawaijui. Sifa zangu zilienea Shela, Matondoni, mpaka Faza, na zote kwa mdomo. Siwezi kurekodi video ya harusi, na sitaki. Wale wanawake wanavua buibui na kucheza kwa sababu ya lile kapu. Likiondoka kapu, hakuna onyesho, kuna watu wamekaa wamejifunika wakitazama saa. Baba yangu na ami zangu walikuwa na masharti yao pia, na nilibishana nayo miaka miwili. Tulifika pale ambapo sauti yangu inakwenda popote na uso wangu unabaki nyumbani. Wapo wanaoniona nimeshindwa. Mimi naona nililipa bei niliyoijua, na nilichonunua nakitumia kila Shaaban, harusi zinapojaa.

Bei nisiyoijua ndiyo iliyoniuma.

Mwaka 2017 nilikwenda Mombasa kurekodi. Boti mpaka Mokowe, kisha basi, tukisindikizwa na askari kwenye kile kipande kibaya cha barabara. Nilikuwa na wimbo wa punda: punda wa kichochoroni anayejua siri za kila nyumba kwa sababu amebeba mizigo ya kila mtu. Prodyuza aliupenda, akanipa soda, akanipa karatasi nne za Kiingereza. Mimi niliyekuwa nimefundishwa kuhesabu silabi moja iliyozidi, nikatia saini kurasa nne bila kusoma mstari. Nilikuwa na haraka ya kuingia chumba chenye maiki nzuri.

Mwaka uliofuata nikasikia punda wangu kwenye tangazo la sabuni redioni. Nikapeleka karatasi kwa binamu aliyesomea sheria. Akasoma kimya, kisha akaniuliza kama nilikuwa na homa siku ile. Kumbe kwa sheria ya Kenya hakimiliki ya wimbo inakuwa yako tangu unapouandika au kuurekodi, hata kabla ya kuusajili kokote. Lakini ukiihamisha kwa maandishi yenye saini, imehama. Na nilikuwa nimehamisha kila kitu, sauti iliyorekodiwa na utungo wenyewe, kwa muda wote wa ulinzi. Muda wenyewe, kwa utungo, ni uhai wangu wote, kisha miaka 50 baada ya kufa. Yaani vitukuu watakuja kumkuta punda si wetu.

Niliambiwa nikitaka kuurekodi upya niombe ruhusa. Sikuomba. Niliuimba harusini. Simu zote ziko kwenye kapu, nani atashitaki?

Ile 2020 kafyu ilirudi, safari hii ya nchi nzima, kuanzia tarehe 27 Machi, sababu ya korona. Harusi zikasimama. Nikasema basi, nitarekodi mwenyewe nyumbani kwa bibi, nyumba ya mawe yenye kuta nene kama mkono wangu ulivyo mrefu, na chumba cha ndani kina zidaka, vishimo vya ukutani vya kuwekea vitu, ukuta mzima. Studio ya Mombasa ilikuwa imebandika maboksi ya mayai ukutani ili sauti isirudi. Zidaka za bibi zilifanya kazi hiyo vizuri zaidi, maana sauti huingia kwenye vile vishimo ikatawanyika badala ya kurudi usoni. Nilikuwa na maiki moja, kadi ya sauti ya kuazima, kompyuta yenye betri mbovu, na godoro nililoziba nalo dirisha.

Adui alikuwa saa. Mchana kuna mafundi na watoto. Jioni jenereta la jirani. Kati ya saa sita ya usiku na adhana ya alfajiri kulikuwa na kimya, isipokuwa punda, ambao hawana ratiba. Katika wimbo wa tatu, mwishoni kabisa, mmoja analia. Niliuacha. Nilihisi ananidai.

Pembe ndizo zilizonitoa jasho. Zikiwa karibu na maiki zilikuwa kama sahani zinavunjika. Nikarudisha maiki nyuma, nyuma zaidi, mpaka nikaiweka kwenye msana, yaani ukumbi wa nje, vyumba viwili mbali na bibi, na hapo ndipo zikasikika kama zinavyosikika harusini: kama mtu anakuja. Usiku mmoja mzima kwa ajili ya hilo. Nyuzi nazo, hewa ya chumvi huzila. Za chuma zilikuwa zikipata kutu baada ya wiki mbili. Sasa nazifuta kwa kitambaa kikavu kila nikimaliza, na gitaa hulala ndani ya mfuko na kifuko cha mchele mkavu, dawa ya bibi.

Tulipomaliza nyimbo saba, bibi aliuliza fungu lake. Hakutania. Nikaandika mkataba, ukurasa mmoja, Kiswahili, nikamsomea kwa sauti mara mbili. Kwenye sentensi ya tatu akanisimamisha: "Hapo pana neno limejificha." Lilikuwepo kweli. Nilikuwa nimeandika "mapato" bila kusema mapato kabla au baada ya gharama. Nikarekebisha, akatia dole gumba. Ndio mkataba wa kwanza maishani mwangu niliousoma mpaka mwisho.

Pesa? Nitasema haraka kwa sababu hazichukui nafasi. Mtandaoni nyimbo zinapelekwa na kampuni inayotoza ada kila mwaka, na mwaka wa kwanza ada ilizidi kilichoingia. Kwenye milio ya kusubiri simu sheria iliyorekebishwa 2022 inataka msanii asipate chini ya asilimia 52, na hilo limenisaidia kuliko redio zote. Kinachonilisha ni harusi, na harusi zina msimu: Shaaban huwa sipati usingizi, Ramadhani nyuzi zinapumzika, Mfunguo Mosi tunaanza tena, na mwezi wa Maulidi nachagua siku. Katikati ya hapo nafundisha wasichana watano gitaa, na mama huniazima pesa.

Kitu kimoja kilichonipa moyo ni kundi la wanawake wa Niger, Les Filles de Illighadad. Fatou Seidi Ghali alijifunzia gitaa la kaka yake, na kundi lao likalichanganya gitaa na tende, ngoma ya wanawake wa kijijini kwao. Nilipowasikia nilimwita bibi. Akasikiliza akiwa amefumba macho. "Hawa nao wana bibi yao," akasema.

Juzi nilikuwa nikivuka kutoka Mokowe na mfuko wa gitaa magotini. Boti imejaa, watu na ndizi na godoro la mtu. Mbele yangu msichana wa kama miaka kumi, sare ya shule, ananing'iniza mkono majini na kuimba kwa sauti ya chini. Ilikuwa bahari yangu. Lakini hakusema *baba*. Alisema *kaka*.

Sikumuuliza kakake yuko wapi. Boti ilipita mikoko, yeye akaurudia ule mstari, nami nikajikuta nimeshusha mkono chini ya mfuko, nikigonga kidole gotini. Ka-ka-yu-nda-ni-ya-ki-za.

Nane.